Uwazi katika Serikali ya Watu: Sababu Yake na Wajibu Wetu

Siku moja, kisha Misa, mama mmoja muuzaji wa unga katika soko la Kamina alituuliza hivi: "Padri, kila siku ninalipa feza ya nafasi yangu sokoni, nao wananipa kipande cha karatasi. Mvua ikinyesha, tunasimama katika matope. Feza ile inakwenda wapi? Niko na haki ya kuuliza, ao kuuliza ni zambi ya kuzarau wakubwa?"

Hatukumjibu vizuri siku ile. Tulimwambia kwamba mambo ya serikali ni ya serikali, tukaenda kula. Lakini ulizo lake lilibaki katika zamiri yetu. Mama huyu hakuuliza neno la siasa tu. Aliuliza neno la zambi na la haki, na neno la namna hiyo ni kazi ya padri kulijibu. Katika makala hii tunataka kumjibu, na kuwasaidia wandugu zetu mapadri, waseminari na makatekista, kwa maana wao pia wataulizwa.

I. Uwazi ni nini?

Serikali ya watu, inayoitwa demokrasia, ni serikali ambamo wakubwa wanapata mamlaka yao kwa kuchaguliwa, kwa muda uliopimwa, kusudi watumikie faida ya wote. Mamlaka si mali ya anayeyashika. Ameaminiwa tu.

Kama ni hivyo, aliyeaminiwa anapashwa kuonyesha kazi yake. Uwazi ni sheria na desturi inayomwagiza kuonyesha mambo matatu: la kwanza, shauri gani limekatwa na sababu yake, la pili, feza ya wote imeingia kiasi gani, imetoka kiasi gani, na kwa kazi gani, la tatu, nani atakayejibu kazi ikiharibika. Likikosa moja katika hayo matatu, uwazi haujatimia. Gavana anayehutubia watu kila juma bila kuonyesha hesabu hajawa wazi bado, amesema tu.

Je, kila siri ni mbaya? Hapana. Sisi mapadri ndio wa kwanza kujua kwamba kuna siri takatifu. Siri ya kitubio haivunjwi hata kwa kutishwa kufa. Munganga anashika siri ya mgonjwa wake. Majemadari hawatangazi njia watakayopita askari. Waamuzi wanashauriana mlango ukiwa umefungwa, lakini hukumu wanaisoma mbele ya watu wote. Tushike basi kanuni hii: mambo ya mtu binafsi yanalindwa na siri, mambo ya wote yanalindwa na uwazi. Anayegeuza kanuni hii, akitangaza mambo ya watu na kuficha mali ya wote, anakosa mara mbili.

Mfano mzuri ni kura. Kila mtu anachagua kwa siri, peke yake, kusudi asiogope bwana wake wala sultani wake. Lakini kura zikisha kutiwa katika sanduku, siri imekwisha: zinahesabiwa katika biro ileile, mbele ya washahidi wa vyama na wachunguzi, na karatasi ya matokeo inabandikwa mbele ya biro. Siri ya mtu na uwazi wa hesabu, vyote viwili vinafanya uchaguzi mmoja wa haki.

II. Wazee wetu walijua neno hili

Watu wengine wanasema kwamba uwazi ni desturi ya Wazungu, na kwamba kwetu mkubwa haulizwi. Tuangalie vizuri desturi ya Waluba wa inchi hii.

Ni kweli, wazee wanasimulia kwamba Mbidi Kiluwe, mwindaji aliyetoka mashariki, alipofika kwa Nkongolo Mwamba, alikataa kula mbele ya watu. Nkongolo alikula mbele ya wote bila haya. Toka hapo ikawa heshima ya ufalme, ya bulopwe, kwamba mfalme anakula na kunywa akiwa amejificha. Lakini aliyejificha ni mtu anayekula. Mambo ya ufalme yenyewe hayakufichwa kwa wenye kuyachunga. Kulikuwa na chama cha mbudye. Watu wake walifundishwa muda mrefu kukumbuka habari za wafalme, mipaka ya inchi na vyeo vya wakubwa. Walishika lukasa, ubao wa mti wenye ushanga na alama, nao waliusoma kwa kupitisha kidole juu yake. Chama hicho kilikuwa na nguvu ya kuzuia mfalme aliyesahau masharti ya ufalme wake.

Basi, mkubwa wa leo akila mali ya wote kwa siri na kusema "ni desturi", anadanganya. Desturi ilificha sahani ya mfalme. Haikuwanyima watu wa kukumbuka na kusema.

III. Mafundisho ya Maandiko na ya Eklezya

Samweli alipozeeka, aliwakusanya Waisraeli wote. Yeye mwenyewe aliomba ahukumiwe: aliwauliza kama alitwaa ng'ombe wa mtu ao punda wa mtu, kama alimwonea mtu, kama alipokea rushwa. Watu wakashuhudia mbele ya Mungu kwamba hakufanya hivyo (1 Sam. 12). Tuangalie: alikuwa nabii, mtu aliyeitwa na Mungu mwenyewe, na hakuona haya kutoa hesabu kwa watu.

Mtakatifu Paulo alikusanya feza kwa wakristu wa Yerusalemu waliokuwa maskini. Hakuibeba peke yake. Alipeleka pamoja na Tito ndugu mwingine aliyechaguliwa na makanisa, kusudi mtu asipate njia ya kuwalaumu juu ya ile feza nyingi. Anaeleza sababu: tunapashwa kutenda mema mbele ya Bwana, lakini pia mbele ya watu (2 Kor. 8). Hapo liko jibu kwa padri anayesema: "Mungu anaona moyo wangu, inatosha." Kwa Mtume Paulo haikutosha.

Eklezya imefundisha neno hili wazi. Papa Yoane XXIII, katika barua yake Pacem in terris ya 1963, alihesabu kati ya haki za binadamu haki ya kupata habari za kweli juu ya mambo ya wote. Mwaka uleule Mtaguso wa Vatikano wa Pili ulitaja haki ya kupashwa habari katika andiko lake Inter mirifica. Katika Centesimus annus ya 1991, Papa Yoane Paulo II alisema Eklezya inapenda serikali ambayo wananchi wanashiriki ndani yake, wanawachagua wakubwa wao, wanaweza kuwauliza hesabu, na kuwaondoa kwa amani ikifaa. Kwa hiyo kuuliza hesabu si uasi. Ni kazi ya raia mkristu.

IV. Katiba yetu inasema nini?

Katiba ya 18 Februari 2006 inafungua milango mingi. Sisi tunaofundisha watu tunapashwa kuijua, kwa maana wengi hawajaisoma.

Kifungu cha 24 kinampa kila mtu haki ya kupata habari. Kifungu cha 27 kinampa kila Mkongomani, peke yake ao pamoja na wengine, haki ya kuandikia mkubwa wa serikali barua ya kuomba ao kulalamika. Na mkubwa anapashwa kujibu kabla miezi mitatu haijapita. Kifungu cha 99 kinaagiza Rais na mawaziri wa inchi waandike mali ya jamaa zao mbele ya Korti ya Katiba, wanapoingia kazini na wanapotoka. Kifungu cha 118 kinasema mikutano ya Bunge na ya Seneti ni wazi, isipokuwa kwa sababu kubwa. Kifungu cha 180 kinaiagiza Korti ya Hesabu kuchunguza mali ya serikali na kutoa raporo kila mwaka, nayo inachapishwa katika gazeti la serikali. Katika provensi, mkutano wa wajumbe wa provensi ndio unaochunguza kazi ya gavana na mawaziri wake. Tangu 2015, Katanga ilipogawanywa kuwa provensi ine, Haut-Lomami iko na mkutano wake hapa Kamina. Zamani mtu wa Malemba-Nkulu ao wa Kaniama aliweza kusema kwamba wanaokata mashauri wako mbali, Lubumbashi. Leo wako kwetu.

Tuangalie sasa feza. Kifungu cha 175 kinasema provensi zinapata 40 kwa mia ya mapato ya taifa, na sehemu hiyo inazuiwa palepale inapopatikana. Tangu 2006 magavana wengi wamelalamika kwamba sheria hii haifuatwi. Raia anayetaka kujua sababu ya barabara mbovu anapashwa basi kuuliza mara mbili: Kinshasa ilituma kiasi gani? Na kile kilichofika kilitumiwa namna gani? Anayeuliza ulizo moja tu anamsaidia mkubwa mmoja kujificha nyuma ya mwingine.

Vilevile juu ya madini. Sheria ya madini ya 9 Machi 2018 inagawanya kodi inayolipwa juu ya madini yaliyouzwa: 50 kwa mia kwa serikali kuu, 25 kwa provensi, 15 kwa usultani, sekta ao mji ambamo madini yanachimbwa, na 10 kwa mfuko wa vizazi vitakavyokuja. Sehemu ile ya 15 inapita karibu sana na watu. Usultani unaoipokea unaweza kujenga kituo cha waganga ao daraja. Lakini watu wasipojua kwamba feza imefika, nani atauliza daraja liko wapi?

Na kuna neno moja ambalo, kwa mawazo yetu, ni la kwanza kwa makatekista. Kifungu cha 142 kinaagiza serikali kutangaza sheria kwa Kifaransa na kwa kila moja ya lugha ine za taifa: Kikongo, Kilingala, Kiswahili na Kiluba cha Kasai, katika siku 60 kisha kutiwa sahihi. Hekima ya kifungu hiki ni kubwa. Hesabu iliyobandikwa ukutani kwa Kifaransa cha biro ni mlango wenye kioo: unaona ndani lakini huingii. Yule mama wa soko anajua hesabu kuliko sisi; kila jioni anahesabu faida yake bila kukosa. Akielezwa kwa lugha yake, ataelewa.

V. Hasara ya giza: mambo ya 1992 na ya 2018

Inchi yetu imeona kwa macho yake uwazi ukikosa.

Mwezi wa Agosti 1991 ulifunguliwa Kinshasa Mkutano Mkuu wa Taifa. Askofu Mkuu Laurent Monsengwo Pasinya alichaguliwa kuuongoza. Kwa mara ya kwanza kwa miaka mingi, watu walisikia kwa redio na televizyo wakubwa wakiulizwa mambo ya mauaji na ya mali ya inchi. Tarehe 19 Januari 1992 Waziri wa Kwanza Nguz a Karl-i-Bond aliufunga. Tarehe 16 Februari, siku ya Mungu, wakristu wa Kinshasa walitoka barabarani wakiomba na kuimba, kusudi ufunguliwe tena. Askari wakawapiga bunduki, na watu wengi wakafa. Mkutano ulifunguliwa tena mwezi wa Aprili. Lakini raporo juu ya mauaji na juu ya mali iliyopatikana vibaya hazikusomwa mbele ya watu. Tusiwasahau wafu wale katika Misa zetu. Hawakuomba kiti wala cheo. Waliomba watu waruhusiwe kusikia.

Neno la pili ni uchaguzi wa 30 Desemba 2018. Maaskofu walituma wachunguzi karibu 40.000. Kisha kura, intaneti ilikatwa siku nyingi. Tarehe 3 Januari 2019 maaskofu walisema hesabu walizokusanya zinaonyesha wazi nani ameshinda, wakaomba ukweli utangazwe. Tume ya uchaguzi, CENI, ikamtangaza Félix Tshisekedi kwa kura 38,57 kwa mia; maaskofu wakasema matokeo hayo hayapatani na hesabu za wachunguzi wao. Martin Fayulu, aliyetangazwa wa pili, aliomba kura zihesabiwe tena. Korti ya Katiba ikakataa tarehe 20 Januari.

Hatuandiki hapa ili kuamua tena uchaguzi ule. Tunataka kuonyesha neno moja tu. Matokeo yangetangazwa biro kwa biro, mwalimu wa Kabongo angechukua ile aliyoiona mbele ya biro yake, angeilinganisha na ile ya CENI, na ugomvi ungekwisha kwa kujumlisha. Yalipokosekana, kila mtu alibaki na neno lake, na moyo wa taifa ukapata kidonda. Kisha uchaguzi wa 20 Desemba 2023, wachunguzi wa Wakatoliki na wa Waprotestanti pamoja walisema tena kwamba waliona makosa mengi, na mwanzo wa 2024 CENI yenyewe ilifuta kura za wagombea 82. Mficha ugonjwa, kilio kitamfichua.

VI. Mashaka matatu

Shaka la kwanza: "Watu hawajasoma, kuwaonyesha hesabu ni bure." Tunajibu: mtu asiyesoma anajua kama daraja liko ao haliko. Mwambie tu: feza ya daraja ilikuwa kiasi hiki. Macho yake yatamaliza kazi.

Shaka la pili: "Uwazi unaleta ugomvi." Tunajibu: sisi wa Kamina ni watu wa reli, tunajua kungoja. Mkubwa wa gare akitoka na kusema, "Treni imeharibika njiani, haitafika kabla ya kesho," watu wananung'unika, kisha wanatandika mikeka. Lakini akifunga dirisha lake na kunyamaza, usiku mmoja tu unatosha kuzaa masingizio kumi. Kunyamaza kwa wakubwa ndiko kunazaa ugomvi.

Shaka la tatu: "Mamlaka yanatoka kwa Mungu, Mtume Paulo alituagiza kutii." Tunajibu: ndiyo, na kwa sababu yanatoka kwa Mungu, si mali ya mtu. Katika mfano wa Bwana wetu Yezu Kristu, yule msimamizi wa mali aliitwa atoe hesabu ya kazi yake (Luka 16). Kutii sheria na kuuliza hesabu vinakaa pamoja katika mtu mmoja. Tuongeze onyo: anayeuliza asiseme uongo wala asichafue jina la mtu bila ushuhuda. Masingizio nayo ni zambi, na yanawasaidia wezi, kwa maana watasema kila ulizo ni masingizio.

VII. Tuanze kwetu

Wandugu, hapa ndipo pagumu. Sheria ya Eklezya ya 1983 inaagiza kila parokia iwe na baraza la mali (kanuni 537), msimamizi aandike vizuri yanayoingia na yanayotoka (kanuni 1284), na waamini waelezwe hesabu ya vitu wanavyotolea Eklezya, kwa namna iliyopangwa na sheria ya jimbo (kanuni 1287). Je, tunafanya?

Tuungame kosa letu. Katika parokia moja tuliyotumikia, waamini walitoa feza ya mabati ya kanisa. Mabati yalichelewa. Sababu ilikuwa ya haki: bei ilipanda, nasi tulingoja kusudi feza iongezeke. Lakini hatukusema. Tulifikiri heshima ya padri inatosha. Mwaka wa pili matoleo yalipungua nusu, na katekista mzee akaja usiku kutuambia kwamba watu wanasema tumekula mabati. Siku ya Mungu iliyofuata tulileta daftari mbele ya altare, tukaliacha baraza lisome ukurasa kwa ukurasa kwa Kiswahili na kwa Kiluba. Watu walisikiliza kwa utulivu mkubwa. Mzee mmoja alisimama, akasema: "Padri, ungesema mbele." Hakuna hotuba iliyotufundisha kuliko maneno yale.

Kwa hiyo tunashauri mambo mane. Mapadri: someni hesabu ya parokia kwa waamini kila miezi mitatu, kwa lugha yao, hata kama ni ya aibu kwa udogo wake. Waseminari: someni Katiba kama mnavyosoma Sheria ya Eklezya, mtakapotumwa, mtaulizwa yote mbili. Makatekista: jifunzeni kueleza vifungu vichache tulivyotaja, hasa cha 27, na kuwasaidia watu kuandika barua yenye heshima na ushuhuda, bila matusi. Na sisi sote siku ya uchaguzi: tuwatayarishe wakristu kukaa mpaka kuhesabu kura kukwishe, waisome karatasi ya matokeo na kuiandika katika daftari, bila kumtumikia mgombea yeyote. Padri hana chama. Lakini ana ushuhuda.

Kisha siku nyingi tulimtafuta yule mama wa unga. Tulimwambia: kuuliza si zambi, mama, ni haki yako, na kwa mkristu ni wajibu. Alicheka kidogo. Halafu akatuuliza: "Vema, Padri. Na feza ya matoleo ya mwezi uliopita?"

Tulikuwa na daftari.